Mama Mchungaji ni Nani?

Sarufi ya lugha yetu haina taasubi. Tunaposema "mchungaji amewasili", hakuna kiambishi kinachofichua iwapo aliyewasili ni mwanamume au mwanamke. Kasisi, askofu na shemasi nao wamo katika ngeli ya A-WA, na hakuna anayeulizwa jinsia mlangoni. Ingetarajiwa basi kwamba wanawake walipoanza kuwekewa mikono ya ukasisi, Kiswahili kingewapokea bila kusita. La hasha! Mlango uliofunguliwa na sarufi ulifungwa na matumizi. Dai langu katika makala haya ni kwamba jinsi tunavyowaita wanawake hao inawanyima wadhifa ambao makanisa yao yamekwisha kuwapa.

Safari yao imekuwa ndefu. Nchini Marekani, Antoinette Brown aliwekewa mikono katika kanisa moja la Kikongregesheni mnamo 1853. Miongoni mwa Waanglikana, wa kwanza alikuwa Florence Li Tim-Oi, aliyepewa ukasisi nchini Uchina mwaka wa 1944, wakati vita vilikuwa vimewazuia makasisi wanaume kuwafikia waumini wa Macau. Vita vilipokwisha, askofu aliyemwekea mikono alilaumiwa vikali, na mnamo 1946 mama huyo akakubali kurejesha kibali chake cha kuhudumu. Dhiki ilimwita, amani ikamfukuza. Kanisa la Uingereza lilikawia hadi 1994 ndipo likawapa wanawake ukasisi, na hadi 2015 ndipo likampata askofu wa kwanza mwanamke, Libby Lane.

Kanda yetu haikungoja Uingereza. Mwaka wa 1982 Kanisa la Kipresbiteri la Afrika Mashariki lilimwekea mikono Nyambura Njoroge, mwanamke wa kwanza kuwa mchungaji katika kanisa hilo. Mwaka uliofuata, Askofu Henry Okullu wa Dayosisi ya Maseno Kusini alimpa Lucia Okuthe ukasisi wa Kianglikana, na katika mwaka uo huo Askofu Festo Kivengere akawawekea mikono wanawake watatu huko Kigezi, Uganda. Kwa hivyo, anayedai kwamba jambo hili tumeletewa juzi kutoka Ulaya hana budi kuzisoma tarehe hizi upya. Hata hivyo, ngazi ya juu ilichelewa. Miaka thelathini na minane ilipita baada ya 1983 kabla ya Kanisa Anglikana la Kenya kupata maaskofu wanawake: Emily Onyango, askofu msaidizi wa Bondo, mnamo Januari 2021, na Rose Okeno, askofu wa Butere, mnamo Septemba mwaka huo.

Sasa tuirejelee lugha. Katika makanisa yetu mengi, "Mama Mchungaji" si mchungaji. Ni mke wa mchungaji. "Mama Askofu" vilevile ni mke wa askofu. Istilahi hizi zilikuwa zimekwisha kupata wenyewe kabla ya mwanamke wa kwanza kuvaa kola ya kikasisi. Matokeo yake ni nini? Anapotambulishwa harusini au mazishini kama Mama Mchungaji, wasiomjua humtafuta mumewe kwa macho. Mtu aliyesomea theolojia kwa miaka na kukabidhiwa parokia anageuzwa, kwa maneno mawili tu, kuwa mwandani wa mchungaji asiyekuwepo. Fauka ya hayo, mume wa mchungaji mwanamke hatujampa jina lolote, ishara kwamba fikira zetu hazijamtarajia.

Hata tafsiri zinafaa kuchunguzwa. Biblia ya Union Version iliyochapishwa mwaka wa 1952 inawataja mashemasi katika utangulizi wa Waraka kwa Wafilipi. Katika Warumi sura ya 16, Fibi wa Kenkrea anaitwa mhudumu. Ilhali katika Kigiriki neno ni moja, diakonos. Ni kweli kwamba neno hilo lina maana pana, na mfasiri ana haki ya kuchagua. Lakini uchaguzi una athari: msomaji wa Kiswahili humwona Fibi akihudumu, asimwone akiwa na cheo.

Wapo watakaosema kwamba "mama" ni neno la heshima kuu kwetu, na kwamba mwacha mila ni mtumwa. Maadamu tunasema "Baba Askofu", mbona tusiseme "Mama Askofu"? Hoja hii ina uzito, wala siidharau. Tatizo ni kwamba mizani haiko sawa: "Baba Askofu" ni askofu mwenyewe, ilhali "Mama Askofu" anaweza kuwa mtu mwingine kabisa. Heshima inayomficha mheshimiwa ni heshima gani?

Kadhalika, yapo makanisa yasiyokubali jambo hili kwa misingi ya imani. Mnamo Mei 1994, Papa Yohane Paulo II alitangaza kwamba Kanisa Katoliki halina mamlaka ya kuwapa wanawake upadre. Na neno "padre" lenyewe, tulilolipata kutoka Kireno, asili yake ni "baba". Sikusudii kuwaamulia wao. Hoja yangu inayahusu makanisa ambayo yamekwisha kuamua: kinachotolewa madhabahuni kisipokonywe na ulimi.

Pendekezo langu ni jepesi. Tumwite kila mtu kwa wadhifa wake: Mchungaji, Kasisi, Askofu, kisha jina lake. Anayetaka kuongeza "Baba" au "Mama" nyumbani kwake na aongeze, ila katika hati za sinodi, magazeti na matangazo ya redio, wadhifa utoshe kwa wote, wanaume na wanawake. Sisi wanafunzi wa Kiswahili ndio watangazaji, wafasiri na wahariri wa kesho. Hatuna mamlaka ya kumwekea mtu mikono, lakini tuna mamlaka ya kumwita ipasavyo. Ngeli ya A-WA imekwisha kutuonyesha njia. Kilichobaki ni sisi kuifuata.