Kuzidisha si Wimbo wa Darasani

Tangu huduma ya M-Pesa ilipoanza nchini Kenya mwaka 2007, na Tanzania mwaka uliofuata, fedha za mkulima na mama lishe zimekuwa zikilindwa na tarakimu nne tu za siri. Ni wangapi wanaojua uzito wa kufuli hilo? Hesabu yake ni ya shule ya msingi. Nafasi ya kwanza huweza kushikwa na tarakimu yoyote kati ya 10, na kila moja hufuatwa na 10 nyingine. Nafasi mbili hutoa mipangilio 100, na nafasi nne 10,000. Mwizi anayebahatisha mara tatu kabla huduma haijafungwa ana bahati ya 3 katika 10,000. Ulinzi huo watosha.

Anayeubomoa ni mwenye mali mwenyewe. Aliyeweka mwaka wake wa kuzaliwa amemwachia mwizi anayemkadiria umri namba kama 10 tu za kujaribu. Mwingine hubonyeza simu hadharani: aliyeziona tarakimu zake nne, zote tofauti, bila kushika mfuatano wake, amebakiwa na 4 × 3 × 2 × 1, yaani mipangilio 24. Majaribio matatu katika 24 ni sawa na moja katika nane! (Wapo pia wanaojivunia kutorudia tarakimu. Mwizi akiijua kanuni yao, 10,000 hushuka hadi 5,040. Hasara hiyo si ya kumkosesha mtu usingizi.)

Lawama haiwezi kumwangukia mwananchi peke yake. Jedwali la kuzidisha huimbwa madarasani kama kasida. Mtoto hutamka kuwa 4 × 3 ni 12, lakini akiulizwa kuna njia ngapi za kumpata kiranja na msaidizi wake miongoni mwa wanafunzi 4, hujumlisha akajibu 7. Elimu ya Kujitegemea ya mwaka 1967 ilitaka shule ya msingi iwe elimu iliyokamilika, si ngazi tu ya kupandia sekondari. Kwa nini basi hesabu ya mipangilio isubiri madarasa ya juu ambako wengi hawafiki?

Kisingizio cha uhaba wa vifaa hakina nafasi hapa. Watoto watatu wakisimamishwa mbele ya wenzao, watajipanga kwa njia 6. Wa nne akiongezwa, darasa liachwe lihesabu lenyewe kabla mwalimu hajaandika 24 ubaoni.