NGOMA IMEKOSA NINI?

Ndugu msomaji, tangu miaka ya 2000 nchi yetu imejaa filamu za gharama ndogo, zinazopigwa picha kwa siku chache na kuuzwa upesi. Miongoni mwao zimo za kutisha, kama Shumileta ya Mussa Banzi ya mwaka 2005. Suala la halali na haramu ya ala tunawaachia wanavyuoni. Leo tunawashika watunzi wa muziki wa filamu za namna hii kwa jambo lisilo na khitilafu, nalo ni kusingizia.

Hebu sikiliza. Wapendanao wakikutana mjini, hupigiwa kinanda laini. Akitokea mchawi, au gari likielekea shamba kwa mganga, ngoma hulia. Mtunzi hana fedha ya wapigaji. Anacho kinanda cha umeme chenye mlio wa ngoma uliotengenezwa ughaibuni, na kidole kimoja chamtosha. Kwa kidole hicho huwahukumu watu wa wilaya nzima!

Kwani ngoma ya Handeni na Korogwe ni ya nani? Mzigua hucheza selo, Msambaa hucheza mdumange, watu wakafurahi wakaenda makwao. Nani aliwaambia kuwa hiyo ni sauti ya Shetani? Mtu wa Handeni akitaja kwao ugenini, tayari hutaniwa kwa uchawi. Na tuhuma hiyo si mzaha: vikongwe wasio na hatia wameuawa kwayo katika nchi hii, hasa pande za Shinyanga na Mwanza.

Watasema, "Fedha hazitoshi." Ama huo si udhuru. Uhaba wa fedha huleta muziki mdogo, hauleti uwongo. Kimya hakinunuliwi, nacho hutisha kuliko kelele. Na anayeitaka ngoma, Korogwe iko kando ya barabara kuu. Ashuke, amwulize mzee mpigaji ngoma ile ni ya shughuli gani, amlipe ujira wake, alitaje jina lake. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 nayo inazilinda sanaa za jadi; si mali ya kuokota.

Enyi watunzi, mtu huulizwa juu ya ulimi wake. Msidhani kidole hakitaulizwa. Mkitaka kututisha, tutisheni kwa ubaya wa mtendaji, wala msimtwike mzigo huo jirani aliyekuwa arusini akipiga ngoma yake.