Bukavu: Chupa ya maji inatukatia umeme

Kila mara umeme unapokatika Bukavu, tunalaumu SNEL. Lakini tuangalie pia mikono yetu.

Chupa ya maji tunayonunua barabarani, tukisha kunywa tunaitupa mu mufereji. Mvua inaibeba mpaka ziwa Kivu, na maji ya Kivu yanatokea mu Ruzizi. Karibu na pale kuko baraji ya Ruzizi 1, inayofanya kazi tangu miaka ya 1950. Plastiki zinarundikana mbele ya mashine, turbini zinazibwa, wafanyakazi wanazisimamisha ili watoe takataka. Na sisi tunabaki mu giza.

Leta ilisha kukataza mifuko na vifungashio vya plastiki kwa dekre ya tarehe 30 Desemba 2017. Ku soko vingali vinauzwa. Juu ya nini? Kwa upande wa chupa, juu watu wako na kiu, na robine za REGIDESO hazitoi maji kila siku mu kila kartie. Kukataza chupa bila kuleta maji ni kumwambia mutu avumilie kiu.

Tuko na mufano karibu. Chupa tupu ya bia hakuna anayeitupa, juu iko na bei. Wenye kuuza maji nao wafanye vile: franka kidogo kwa kila chupa inayorudishwa. Na REGIDESO ilete maji mu kartie. Bila mambo haya mawili, dekre itabaki karatasi tu.