Tawi la Ozi na Haki ya Watu wa Delta

Mto Tana, ushukao kutoka Nyandarua na Mlima Kenya na kupita nchi kavu hata ukafika pwani, leo huingia baharini hapo Kipini kwa tawi liitwalo Ozi. Lakini haikuwa hivyo tangu zamani. Ozi ulikuwa mto mdogo wa peke yake, na Tana ulimwaga maji yake upande wa kusini, penye mlango wa mafungu ya mchanga na mawimbi uliowatia hofu mabaharia. Katika karne ya 19 Wanabahani, ukoo wa masultani wa Pate, waliohitilafiana na Zanzibar wakahamia Witu chini ya Sultani Ahmed, mwenye lakabu ya Simba, walitaka nafaka ya Tana ifike Lamu kwa salama. Ndipo ukachimbwa mfereji wa Belezoni, mwembamba, wa kupitisha mitumbwi tu, kuiunganisha mito hiyo miwili. Maji yakaula udongo kingo kwa kingo, masika baada ya masika, hata sehemu kubwa ya Tana ikahamia Ozi.

Nayataja haya kwa kuwa wako wanaodai kwamba hali ya delta ya Tana ni kudura tupu, isiyo na mkono wa mwanadamu. Mkono upo. Tangu bwawa la Masinga, huko juu mtoni, lilipokamilika mwaka 1981, mafuriko ambayo Mpokomo huyangojea apande mpunga, na ambayo huotesha majani anayoyakimbilia Muorma na ng'ombe wake wakati wa kiangazi, hayana tena mazoea yake. Na maji matamu yakidhoofu, maji ya chumvi ya bamvua hupanda Ozi hata mashambani. Mwaka 2012 delta iliingizwa katika orodha ya Ramsar ya ardhioevu zenye thamani kwa ulimwengu mzima, na mwaka huo huo Wapokomo na Waorma wakamwagiana damu, na ardhi na maji vikiwa miongoni mwa sababu.

Umeme wa mabwawa ni neema, nami siupingi. Lakini sasa linapokusudiwa bwawa kubwa zaidi la Grand Falls, ni wajibu wa serikali kuweka katika sheria, kabla ya jiwe la kwanza, kiasi cha maji kitakachoachiliwa kila masika na kila vuli, pamoja na ilani ya mapema, maana maji yajayo kwa ghafla huangamiza mazao. Na kiasi hicho kikadiriwe kwa shauri la wazee wa Kipini, Ozi na Garsen, wakulima kwa wafugaji.