Aliyepokea Barua Ndiye Shahidi



Wiki iliyopita kijana mmoja wa tawi letu huku Masieda alijitoa kwenye grupu la WhatsApp bila kuaga. Nikamwandikia pembeni kumuuliza kulikoni. Akajibu: "Dada, tangu mwenyekiti apewe uhaini sitaki maneno yangu yakae kwenye simu za watu. Si hata wale makomandoo waliponzwa na meseji?"

Sikumcheka. Mwenyekiti wetu Tundu Lissu alikamatwa Mbinga tarehe 9 Aprili 2025, kesho yake akasomewa uhaini pale Kisutu, kosa lisilo na dhamana, kwa maneno aliyoyasema mchana kweupe. Kama la hadharani linakupeleka huko, la sirini je? Kwa hiyo swali la huyu mdogo wetu linastahili jibu, na jibu linaanzia kwa hao hao makomandoo.

Kesi ile tumezoea kuiita kesi ya Mbowe, tukisahau kwamba kizimbani walikuwa wanne. Watatu walikuwa askari wa zamani wa JWTZ: Halfan Bwire, Adam Kasekwa na Mohamed Ling'wenya. Jamhuri ilisema Mbowe alimwomba afisa aliyekuwa bado jeshini, Luteni Denis Urio, amtafutie makomandoo walioacha jeshi, ili wafanye ugaidi. Utetezi ukasema walitafutwa wawe walinzi wa kiongozi wa chama, basi. Meseji za simu zikaletwa mahakamani. Na Januari 2022 Luteni mwenyewe akapanda kizimbani, upande wa Jamhuri, akaeleza kwamba ni yeye aliyepeleka taarifa kwa DCI.

Tarehe 18 Februari 2022 Jaji Tiganga akaona kuna kesi ya kujibu. Tarehe 4 Machi DPP akaiondoa. Tukalia kwa furaha, tukapiga vuvuzela, tukaenda nyumbani.

Mimi nilifurahi pia. Lakini kila nikisoma somo la ushahidi naona tulichopoteza siku ile, yaani hukumu. Hakuna jaji aliyefika mahali pa kutuambia meseji zile zina uzito gani, pale ambapo aliyezipokea ndiye aliyewatafuta watu, ndiye aliyetoa taarifa, na ndiye aliyekuja kuwa shahidi. Simwiti mtu mwongo. Nasema swali halikujibiwa, na swali lisilojibiwa litarudi na mshtakiwa mwingine.

Kwingine lilishajibiwa, na si na nchi kongwe. Mwaka 1807 Marekani ilikuwa na miaka 31 tu tangu itangaze uhuru. Aaron Burr, kanali wa vita vya uhuru na makamu wa rais mstaafu, alishtakiwa kwa uhaini mjini Richmond. Ushahidi uliopigiwa tarumbeta ulikuwa barua ya siri, imeandikwa kwa mafumbo ya namba na alama, iliyomfikia Jenerali James Wilkinson, mkuu wa jeshi, Oktoba 1806. Wilkinson aliifumbua, akamwandikia Rais Jefferson kwamba kuna njama ya kuigawa nchi. Jefferson akatangaza kwamba Burr ana hatia kabla hata kesi haijaanza. (Tunaijua hiyo tabia, si ndio?)

Sasa sikiliza. Wilkinson alipobanwa mbele ya baraza la wazee wa mahakama alikiri kwamba ameifuta na kuibadilisha barua ile. Alichoondoa ni maneno yaliyoonyesha kwamba Burr alikuwa anajibu barua ya Wilkinson mwenyewe. Yaani mtoa taarifa alikuwa mwandishi mwenza! Wazee wakapiga kura kama naye ashtakiwe. Akaponea kwa kura 9 dhidi ya 7. Baada ya kufa kwake nyaraka za Wahispania zikathibitisha kwamba jenerali huyo alikuwa analipwa na Hispania tangu miaka ya 1780. Na wahariri walioyachambua makaratasi ya Burr zaidi ya karne moja na nusu baadaye wakaona mwandiko wa barua ile si wa Burr, ni wa swahiba wake Jonathan Dayton.

Kilichomwokoa Burr si usafi wake. Mimi binafsi naamini alikuwa na lake jambo. Kilichomwokoa ni katiba yao, inayosema hakuna uhaini mpaka mashahidi wawili waseme wameona tendo lile lile la dhahiri. Jaji Mkuu John Marshall akashikilia hapo hapo: kupanga si kupigana, na barua si jeshi. Tarehe 1 Septemba 1807 Burr akaachiwa. Hata waliobeba barua, Bollman na Swartwout, waliosafirishwa chini ya ulinzi wa jeshi hadi Washington, Mahakama ya Juu ilishawaachia Februari mwaka ule.

Kwetu je? Kifungu cha 39 cha Kanuni ya Adhabu kinamfunga mtu aliyejenga nia fulani dhidi ya serikali na kuidhihirisha kwa tendo la dhahiri au kwa kuchapisha maandishi yoyote. Nia, na karatasi. Adhabu yake inaweza kufika kifo. Hakuna sharti la mashahidi wawili wa tendo moja kama lile la Richmond.

Na tulishaona kinavyofanya kazi. Mwaka 1970, mbele ya Jaji Mkuu Telford Georges, walisimama Bibi Titi Mohamed, Michael Kamaliza, na wanajeshi wawili, Kapteni Elia Chipaka na Luteni Kanali William Chacha, pamoja na wenzao. Oscar Kambona alikuwa London, hakuonekana. Shahidi mkubwa wa Jamhuri alikuwa Potlako Leballo, kiongozi wa PAC ya Afrika Kusini, aliyekaa na washtakiwa kama mwenzao huku taarifa zikifika serikalini. Februari 1971 wengi wao walitiwa hatiani. Bibi Titi, mama aliyezunguka nchi nzima kuitafutia TANU wanachama, akapewa kifungo cha maisha. Mwaka 1972 Mwalimu akamsamehe. Siandiki haya kusema njama haikuwepo. Angalieni tu nani anayesimulia: Wilkinson, Leballo, Luteni wetu. Kila mara anayetuletea siri ni yule yule aliyekuwa ndani ya siri.

Wenzetu wa chama tawala nao wasijione wako salama. Mwaka 2019 sauti za simu za Kanali mstaafu Kinana na Luteni mstaafu Makamba zilivuja mitandaoni. Nchi nzima ikajadili walichosema. Wachache sana waliuliza nani alirekodi, kwa amri ya nani, wakati Ibara ya 16 ya Katiba inalinda mawasiliano binafsi na Ibara ya 18 inatoa haki ya kutoingiliwa katika mawasiliano. Hata sisi tulisambaza zile sauti tukicheka. Tulikosea.

Kwa hiyo tunapodai mabadiliko tusiishie kwenye tume ya uchaguzi. Kifungu cha 39 kiandikwe upya, nia na maandishi peke yake visitoshe, na tendo liwe na mashahidi zaidi ya mmoja. Wakati tunasubiri, mawakili wetu wana silaha moja: kifungu cha 18 cha Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015. Kinaitaka mahakama ipime meseji ilitengenezwa na kutunzwaje, ilibaki salama kiasi gani, na mwandishi wake alitambuliwa vipi. Daini mazungumzo yote, kuanzia salamu ya kwanza. Skrinshoti ya mistari minne ni barua ya Wilkinson. Na polisi wakichukua simu yako, sheria ya mwenendo wa jinai inataka upewe stakabadhi iliyosainiwa. Usisaini kabla hujasoma, na kama hukuelewa, sema hukuelewa mbele ya mashahidi.

Haya yote nilimwandikia mdogo wetu, kwa ufupi kidogo. Pia nilimrekebisha: makomandoo wale hawakuhukumiwa kwa meseji, walisota mahabusu zikisubiri kupimwa. Akasema hiyo kwake ni ile ile, na sikuwa na hoja ya kumpinga. Jana jioni nimemrudisha kwenye grupu. Meseji anazisoma, ila bado hajaandika kitu.