Mwisho wa Hadithi ni wa Nani? Wanuri Kahiu na Ukimya wa Wahakiki

Uhakiki wa fasihi nchini Kenya umeipokea tamthilia kama utanzu halali, lakini mswada wa filamu umeachwa nje, kana kwamba msuko, wahusika na mazungumzo huacha kuwa fasihi pindi vinapopigwa picha. Makala haya yanaupinga msimamo huo kwa kurejelea kazi za Wanuri Kahiu, mwandishi na mwongozaji wa filamu aliyezaliwa Nairobi mwaka 1980.

Mwaka 2008 Kahiu aliandika na kuongoza From a Whisper, inayotokana na shambulio la bomu la Agosti 7, 1998 jijini Nairobi. Ikafuata Pumzi (2009), inayosawiri dunia iliyokaukiwa na maji. Mswada wa Rafiki (2018) aliuandika pamoja na Jenna Cato Bass, kutokana na hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda, iliyopata Tuzo ya Caine mwaka 2007.

Aprili 2018 Bodi ya Uainishaji wa Filamu nchini iliipiga Rafiki marufuku kwa hoja kwamba inaeneza usagaji. Kwa maelezo ya Kahiu, Bodi ilitaka mwisho ubadilishwe kwa kuwa ulikuwa na matumaini mno. Septemba mwaka huo Mahakama Kuu iliisimamisha marufuku hiyo kwa siku saba. Aprili 2020 mahakama iyo hiyo ikaitupilia mbali kesi.

Siku saba hizo zilimfaa nini mwanafunzi wa Sigowet, katika nchi ya chai ya Kericho, ambako hakuna jumba la sinema? Mwaka huo huo Kigogo ya Pauline Kea ilitahiniwa katika kidato cha nne. Mwanafunzi huyo alitakiwa aeleze jinsi umma unavyomwacha Majoka na kumfuata Tunu. Matumaini ya tamthilia yalimpatia alama. Matumaini ya filamu yalihesabiwa kosa. Aliyemfundisha kuuchambua mwisho wa kwanza hakuwa na la kusema juu ya wa pili.

Wapo watakaojibu kwamba Rafiki inakiuka maadili. Mhakiki halazimiki kuyaunga mkono mapenzi ya Kena na Ziki. Linalomlazimu ni kuuliza iwapo mwisho umezaliwa na msuko au umebandikwa. Sisi tunaona kwamba umezaliwa. Mapema Kena anawaza kuwa muuguzi. Ziki ndiye anayemhimiza alenge udaktari. Wanapokutana tena mwishoni, Kena ameshika kazi hiyo ya udaktari. Baba zao wanaowania uongozi, majirani wapelelezi na kipigo cha umati havikufutwa ili kuwafurahisha watazamaji. Anayedai majuto mahali hapo anadai hadithi nyingine. Asiyekubaliana nasi na alete ushahidi wake kutoka katika mswada, si kutoka katika tangazo la marufuku.

Sheria ya 1962 iliyoipa Bodi nguvu iliziweka filamu na michezo ya jukwaani pamoja katika jina lake lenyewe. Dola iliutambua undugu wa tanzu hizi kabla ya idara zetu. Basi miswada ya filamu na isomwe katika kozi za tamthilia, kwa vigezo vile vile vya fani na maudhui. Tukiendelea kunyamaza, uhakiki wa filamu utabaki mikononi mwa wenye mamlaka ya kuzifungia.