Mwachie mwanao mpaka, usimwachie ugomvi

Wazazi wenzangu, ugomvi wa mpaka mara nyingi huwakuta watoto, si wale waliouweka mpaka. Wazee wawili huishi jirani miaka 30, kila mmoja anajua mwisho wake ni ua wa minyaa. Hakuna aliyeandika. Mmoja akifariki, upande wa pili wanang'oa minyaa na kujenga ukuta. Mjane anaona ukuta umeingia kwake mita moja, lakini aliyejua mpaka ulipita wapi yuko kaburini.

Mita moja hiyo huvunja mengi. Watoto wanakatazwa kucheza pamoja, na majirani waliozoea kuzikana hawasalimiani tena.

Kama kiwanja chako kimepimwa, jibu lipo. Ramani ya upimaji inaonyesha kila bikoni, namba yake na umbali hadi bikoni inayofuata. Hata bikoni ikifukiwa au kung'olewa, mpima ardhi huanzia bikoni zilizobaki jirani, akapima na kuonyesha ilipokuwa. Wengine huita kufufua mipaka. Usiihamishe bikoni wala kuing'oa mwenyewe. Ni kosa kisheria. Na usitegemee simu: ramani ya simu inaweza kukosea mita kadhaa, nanyi mnagombea moja.

Jambo kubwa ni namna ya kumwita mpima. Ukimleta peke yako, jirani atasema umemnunua. Nenda kwake kwanza, jioni, bila hasira: "Jirani, twende halmashauri pamoja, tuombe mpima, tuchangie gharama." Siku ya kupima awepo yeye, majirani wa pande zote na mwenyekiti wa mtaa au kijiji. Mkimaliza, andikeni mlichokubaliana, kila mmoja asaini na abaki na nakala.

Kwa ardhi isiyopimwa, kazi ni ngumu zaidi. Mikataba mingi ya zamani imeandikwa kwa hatua za mguu, na hatua za babu si hatua za mjukuu. Hapo mpima atapima kile mtakachomwonyesha. Hawezi kuamua nani mwenye haki. Kwa hiyo zungukeni mpaka wazee wangali hai, waonyeshe mti, mtaro au jiwe, kisha mwandike.

Mkishindwa kuelewana, kuna Baraza la Kata. Tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021, baraza hilo linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Lisipofanikiwa ndani ya siku 30, shauri linaweza kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Huko ramani, mkataba na mashahidi ndivyo vinavyosema. Machozi hayapimi ardhi. Wala usikae kimya ukisubiri jirani aone aibu, maana muda wa kudai ardhi kisheria ni miaka 12.

Lakini hata anayeshinda kesi hurudi kuishi na jirani yuleyule. Mtoto akiugua usiku, wa kwanza kusikia kilio ni yeye. Uchagani sale hupandwa mpakani, na jani la sale hilohilo ndilo hupelekwa kwa mtu kuomba msamaha. Wazee wale walijua mpaka na amani hukaa pamoja.

Kazi ya wiki hii, basi. Jumamosi chukua watoto wote, wa kike na wa kiume, mzunguke kiwanja. Waonyeshe kila bikoni, fyeka majani yaliyoifunika, na mama ajue hati au mkataba umewekwa wapi. Mkikuta bikoni moja haipo, usisubiri jirani alete tofali. Mpigie hodi leo, mngali mnacheka pamoja.